Agosti ya mvua Kerala: kufuata tenzi za Wamalayali kutoka Kondotty hadi Pallana

Nimeandika haya nikiwa nyumbani Tanga, daftari limeshakauka na picha za simu zinanikumbusha yale ambayo mvua iliyafuta. Tulikwenda Kerala, jimbo la kusini mwa India, kwa ajili ya macho ya mjomba wangu. Hospitali moja ya Kozhikode ilimpa miadi miwili, mmoja mwanzoni na mwingine baada ya siku kumi, na katikati hapo hakuna cha kufanya ila kutia matone na kungoja.

Mjomba ni mtu wa tenzi. Bibi yake ndiye aliyemfundisha kughani, kule Pangani, na hadi leo ukimkuta barazani baada ya Alasiri atakughania mpaka chai ipoe. Mimi nafundisha Kiswahili sekondari. Kila mwaka naona wanafunzi wakihesabu mizani kwa kalamu, wanapata alama zao, na hawajasikia ubeti hata mmoja ukitoka kinywani mwa mtu. Kwa hiyo tuliposikia kwamba mwezi wa Karkidakam, unaoanza katikati ya Julai na kwisha katikati ya Agosti, Wamalayali, wenyeji wa Kerala, husoma utenzi majumbani kwa sauti kila jioni, siku zile za katikati zikapata kazi.

Jumamosi, 2 Agosti 2025. Dar – Muscat – Karipur

Tulibadilisha ndege Muscat. Foleni ya kwenda Kozhikode ilijaa Wamalayali wanaorudi likizo, maboksi yamefungwa kamba. Bwana mmoja wa makamo alitusikia tukibishana kuhusu chupa ya matone, akageuka: "Mzee, kaa hapa, nafasi ipo." Kiswahili safi! Kumbe ameendesha gari la familia moja ya Muscat kwa miaka mingi, na wazee wa nyumba ile asili yao Unguja. Jikoni Kiswahili, garini Kiswahili, naye akajifunza. Alimbebea mjomba mkoba hadi mlango wa ndege. Nilipomwambia tunafuata tenzi za watunzi kama Moyinkutty Vaidyar, akacheka. "Moyinkutty Vaidyar? Huyo wa Kondotty. Mkishuka tu, mko kwake."

Ni kweli. Uwanja wa ndege wa Kozhikode, ulioko Karipur, uko juu ya kilima kilichokatwa bapa, na mji wa Kondotty uko kilomita chache tu kutoka hapo. Ndege ikishuka unaona minazi iko chini ya usawa wa njia ya kutua. Mjomba alisoma alichosoma kimoyomoyo.

Kwa watakaofuata: viza ya mtandaoni ya India inakubalika Karipur, lakini ichapisheni, msitegemee simu. Sisi tuliulizwa kadi ya homa ya manjano. Teksi ya kulipia dirishani hadi Kozhikode ilikuwa rupia 950, na rupia 1 wakati ule ilikuwa kama shilingi 28 za kwetu. Bebeni dola kidogo, kwa sababu mashine mbili za benki zilikataa kadi yangu.

Jumapili, 3 Agosti. Kozhikode

Mvua haikukata. Tulichukua bajaji hadi mtaa wa Kuttichira, rupia 40, kuutazama msikiti wa Mishkal. Ulijengwa na tajiri mmoja mwenye majahazi karne ya 14, na Wareno waliuchoma moto mwaka 1510. Hauna mnara. Ni ghorofa za mbao zilizopandiana na paa la vigae, mgeni anaweza kudhani ni nyumba ya sultani. Mjomba aliingia kuswali Adhuhuri, mimi nikabaki kando ya bwawa pamoja na mbuzi wawili waliokuwa wakikwepa mvua kama mimi.

Mji huu ndio wa Kadhi Muhammad, aliyetunga Muhyiddin Mala mwaka 1607. Ni utenzi wa kumsifu Sheikh Abdul Qadir Jilani, na ndio utungo wa zamani zaidi wenye tarehe inayojulikana katika Kimalayalam kilichoandikwa kwa herufi za Kiarabu. Tarehe inajulikana kwa sababu mtunzi ameitia ndani ya beti zenyewe, kwa kalenda ya kwao. Herufi zimeongezwa nukta hapa na pale ili zibebe sauti ambazo Kiarabu hakina, vilevile wazee wetu walivyofanya. Mjomba alipiga hesabu ya haraka: utenzi wetu wa Tambuka ni wa 1728. "Hawa wametutangulia miaka mia na ushee," akasema, kwa sauti ya mtu aliyefungwa goli la halali.

Mwenye duka la halua pale mtaani alituambia mama yake aliijua Mala yote kwa moyo, na ilikuwa ikisomwa nyumbani jioni, wanawake wamekaa kwenye mkeka. Alikataa pesa ya halua ya pili.

Chakula cha mchana kilikuwa biriani ya kuku ya Kozhikode, rupia 180, yenye mchele wa punje ndogondogo unaonukia samli. Waombeni wapunguze pilipili, watakubali kwa kichwa na hawatapunguza.

Jumatatu tulishinda hospitali. Jioni tulikwenda Beypore kuona wanakounda majahazi ya mbao, lakini kwa mvua ile mafundi walikuwa wamejifunika turubai wakinywa chai.

Jumanne, 5 Agosti. Kondotty

Basi kutoka Kozhikode, karibu saa nzima, rupia 35 kila mtu. Mabasi mengi ya kawaida ya Kerala hayana vioo vya madirisha, yana turubai za kushusha, na mvua ikianza abiria wote huzishusha kwa mkupuo mmoja bila kuambiana. Konda alimwinua kijana mmoja ili mjomba akae, na kijana hakununa.

Kondotty kuna chuo cha sanaa za Mappila, yaani Waislamu wa Malabar, chenye jina la Moyinkutty Vaidyar. Aliishi miaka 40 tu, 1852 hadi 1892. Kazi yake ilikuwa utabibu wa dawa za miti, kama baba yake. Mwaka 1872, akiwa kijana wa miaka 20, alitoa utenzi wa mapenzi wa Badarul Munir na Husnul Jamal: mtoto wa waziri na binti wa mfalme wanapendana, wanazuiwa, wanapanga kutoroka, na majini wanaingilia kati. Humo amechanganya Kimalayalam, Kitamil, Kisanskriti, Kiarabu, Kiajemi na Kihindustani, na wanaomjua wanasema mchanganyiko ule ndio utamu wenyewe. Baadaye akaandika tenzi za vita, vya Badri na vya Uhud.

Tulipokelewa na mwalimu kijana wa uimbaji aliyekuwa akingoja wanafunzi wake. Kiingereza chake na changu vilitosheleza. Alitufungulia nakala ya zamani na kutuonyesha kwamba juu ya kila sehemu ya utenzi limeandikwa jina la mahadhi yake, ishal. Utenzi mmoja unaweza kupita kwenye mahadhi mengi: vita ina yake, kilio kina yake, bibi harusi anapovishwa ana yake. Aliimba vipande vitatu huku akipiga meza kwa kiganja, na hata bila kujua neno ulijua pale farasi walipoanza kukimbia.

Halafu akaanza kueleza vina, na hapo mjomba akavuta kiti. Sisi kina kinakaa mwisho wa kipande. Kwao kina kikuu kinakaa mwanzoni, kwenye silabi ya pili ya kila mstari: mstari wa kwanza ukiwa na "la" mahali pa pili, wa chini yake nao uwe na "la" palepale. Si Waislamu peke yao, ushairi wa Kimalayalam kwa jumla uliishi na kanuni hiyo kwa karne nyingi. Mwishoni mwa karne ya 19 washairi wakubwa wa kule waligombana magazetini kwa miaka kama ni lazima au si lazima. Mjomba alitikisa kichwa. "Kina kikae kichwani? Sasa msikilizaji atajuaje mstari umefika mwisho?" Nikamtafsiria kijana. Akajibu kwamba msikilizaji anajua umeanza.

Tukafika kwenye Uhud. Kijana aliposema Vaidyar ana utenzi wa Uhud, mjomba akasema sisi pia tunao, wa Haji Chum wa Unguja. Hakungoja kuombwa. Akajifuta miwani, akaiweka vizuri ile kofia, akaanza kughani pale Hamza anapoingia uwanjani. Sauti yake ina mikwaruzo siku hizi lakini pumzi bado anayo. Wanafunzi walikuwa wameanza kufika, wasichana wawili na mvulana, wakasimama mlangoni wanachuruzika maji. Hawakuelewa Kiswahili hata kidogo. Lakini alipotaja Hamza walitazamana, alipotaja Hindi, yule mwanamke wa Makka, mmoja akaitikia, na alipofika kwa Wahshi na mkuki wake mwalimu alishainama akafumba macho, maana alijua kinachokuja. Mjomba alipomaliza, mvulana akaimba kisa hichohicho kwa maneno ya Vaidyar. Safari hii ni mjomba aliyekuwa akishika majina tu.

Tulikaa mpaka taa zikawashwa. Hakuna kiingilio. Nilinunua kitabu kidogo cha nyimbo, rupia 120, ambacho siwezi kukisoma.

Jumatano, 6 Agosti. Tirur

Treni kutoka Kozhikode hadi Tirur ni kilomita 41, tiketi ya daraja la kawaida isiyo na nafasi maalumu, rupia 40. Mjomba alifurahi kusikia kwamba Tirur hadi Beypore ndiyo reli ya kwanza Kerala, ya mwaka 1861. Abiria wenzetu hawakujua, nao wakafurahi.

Nje kidogo ya mji kuna Thunchan Parambu, kiwanja anachohesabiwa kuzaliwa Thunchaththu Ezhuthachan, mtu wa karne ya 16 ambaye Wamalayali wanamwita baba wa lugha yao. Ni bustani tulivu yenye ukumbi, maktaba, bwawa, na mti mmoja wa sumu, mkanjiramu, ambao majani yake ni machungu kila mahali isipokuwa hapo, ndivyo wanavyosimulia. Sikutafuna jani.

Ezhuthachan hakuwa Brahmin, yaani mtu wa tabaka la makuhani. Simulizi inasema ukoo wake ulikuwa wa wakamua mafuta, na Mabrahmin walipomkejeli kwa kumuuliza kinu chake kinakamua nini, akajibu: vinne na sita, yaani Veda nne, vitabu vitakatifu vya Wahindu, na elimu sita. Alichofanya ni kuchukua kisa cha Rama, mfalme ambaye Wahindu humwabudu, kutoka Kisanskriti, kwa njia ya kitabu kiitwacho Adhyatma Ramayana, akakiimba upya kwa Kimalayalam kinachosikika na kila mtu. Na msimulizi si yeye. Mwanzoni anamwita kasuku jike aliyekuja akiimba jina la Rama, anambembeleza asimulie asione uvivu, kisha ndege ndiye anayesema mpaka mwisho. Tenzi za mtindo huo zinaitwa kilippattu, nyimbo za ndege, na baada yake watunzi wengi waliufuata.

Kwenye maktaba tulikutana na mwalimu mstaafu wa kike. Kule mwalimu wa kike huitwa Ticha hata sokoni, basi nami nitamwita hivyo. Nilimuuliza kwa nini kasuku. Akasema wapo wanaotoa sababu za kidini, ila yeye anaamini hii: mtu asiye Brahmin akisimulia maandiko matakatifu, lawama aibebe ndege. Alipojua mimi mwalimu wa lugha, alitualika kwake jioni ile ile kusikiliza usomaji. Nikasita kwa ajili ya mjomba, maana usomaji ni wakati wa kuwasha taa, na ndio wakati wa Magharibi. Ticha akasema chumba cha mbele kina mkeka safi na kibla anakijua, kwa sababu jirani zake upande mmoja wote ni Waislamu.

Kwanza tukapewa uji wa Karkidakam. Mwezi huu tangu zamani ni mwezi wa njaa, mvua imefunga kazi za shamba na akiba imekwisha, na watu hunywa uji wa mchele wenye uwatu na majani ya dawa ili mwili usilegee. Ni mchungu kiasi. Mjomba alimaliza bakuli akaongeza, akadai unafanana na uji wa mzazi.

Baada ya swala tulikaa barazani, hatua mbili kutoka mlangoni. Ndani, mbele ya taa ya shaba yenye tambi za mafuta, mama yake Ticha aliketi chini na kitabu juu ya kigoda cha mbao cha kukunja. Alikuwa na miwani yenye kamba. Hakuimba kama mwimbaji. Alisoma kwa mvuto mmoja unaopanda na kushuka, mkono wa kulia ukigonga goti taratibu. Kitabu kizima lazima kiishe ndani ya mwezi, kwa hiyo kila jioni ina kipande chake, na usiku ule Hanuman, shujaa nyani, alikuwa amekwisha kuvuka bahari, yuko Lanka anamtafuta Sita, mke wa Rama aliyetekwa. Bibi alisoma kama nusu saa, akakohoa, akasukuma kigoda bila neno, na mjukuu wa miaka kama kumi na miwili akaweka simu chini akaendelea kutoka mstari uleule. Alisoma haraka kuliko bibi. Bibi akamgonga goti kumrudisha kwenye mwendo.

Kutoka nyumba ya pili, kupita ua, ilisikika sauti nyingine ikisoma. Walikuwa nyuma yetu kwa kurasa kadhaa. Na kipaza sauti cha hekalu mbali kidogo kilikuwa mbele.

Walipomaliza, mjomba alimwomba binti ule mwanzo, wa kumwita kasuku. Akausema polepole mara mbili na mjomba akauhesabu kwa vidole: silabi 14. Ticha akasema ndiyo, bahari hiyo inaitwa keka, silabi 14 katika mafungu sita: tatu, mbili, mbili, tena tatu, mbili, mbili. Akatuambia pia kwamba watoto huletwa Thunchan Parambu kwa maelfu siku ya Vijayadashami, sikukuu ya Kihindu, kuandika herufi yao ya kwanza, kwa kidole, kwenye sinia la mchele, na wanaoletwa si Wahindu tu.

Tulilala kwa Ticha. Asubuhi mguu wa mjomba ulikuwa umevimba kwa unyevu, Ticha akasema mzee habanduki hapo mpaka siku ya miadi, na mimi niende kusini peke yangu. Mjomba hakubisha hata kidogo. Kwa mtu anayelalamikia vitanda vya wakwe zake, ilinishangaza.

Alhamisi, 7 Agosti. Shoranur na Cheruthuruthy

Kerala Kalamandalam, chuo cha sanaa kilichoanzishwa mwaka 1930 na mshairi Vallathol, kiko ng'ambo ya mto kutoka stesheni ya Shoranur. Bajaji rupia 100. Wageni huonyeshwa madarasa asubuhi za siku za kazi, kwa kulipa kiingilio. Nilitaka darasa moja tu, la thullal: mtu mmoja anasimulia utenzi mzima kwa kuuimba na kuucheza, na waimbaji nyuma yake wanarudia kila mstari. Mwanafunzi alikuwa kwenye kisa cha Bhima anayetumwa na mkewe kutafuta ua, akamkuta nyani mzee amelala njiani na kumwamuru aondoe mkia. Jitu lenye nguvu linashindwa kuuinua mkia wa nyani. Kijana alikuwa na fulana ya mazoezi tu, bila kofia wala rangi ya kijani usoni, na bado nilicheka. Huo ndio utenzi wa kwanza wa Kunchan Nambiar wa mtindo huu. Habari zake zinakuja.

Mchana mti uliangukia reli na treni ya Kochi ikachelewa saa tatu. Familia moja benchini ilinilisha ndizi za kukaanga kwenye unga, chai, na maswali juu ya ndoa yangu.

Ijumaa nilipita Kochi. Kuna stesheni ya metro inayoitwa Changampuzha Park, bustani ya kumkumbuka mshairi Changampuzha Krishna Pillai. Mwaka 1936, baada ya rafiki yake mshairi kujiua kwa ajili ya mapenzi, alitunga Ramanan, kisa cha mchunga mifugo maskini na binti wa kitajiri. Ukimtajia Mmalayali wa miaka sitini jina hilo, usiwe na haraka. Mzee aliyekuwa akitembea kwa mazoezi bustanini alinisomea kurasa nzima kwa kichwa huku tukizunguka. Yeye hakuanzia kitabuni, alianzia viwanjani, kwa wasimulizi wa kathaprasangam: mtu anasimama usiku mbele ya umati, nyuma yake harmonia na tabla, anasimulia, anaimba beti, anachekesha, anasimulia tena. V. Sambasivan, bingwa wao, aliwasimulia wanakijiji hata Othello.

Jumamosi, 9 Agosti. Ambalapuzha

Treni ya pwani hadi Alappuzha, kisha basi, rupia 20. Mahekalu mengi ya Kerala hayaruhusu asiye Mhindu kuingia ndani, nami sikujaribu. Nilikaa kwenye ngazi za bwawa. Hadithi wanayosimulia ni kwamba hapa, karne ya 18, Kunchan Nambiar alikuwa akipiga ngoma ya chungu, mizhavu, kumsindikiza Chakyar, msimulizi wa kienyeji wa Kisanskriti. Akasinzia. Chakyar akamfanya kichekesho mbele ya watu wote. Nambiar akaenda zake, akakesha anatunga, na usiku uliofuata akasimama upande wa pili wa hekalu na thullal yake ya kwanza, kwa lugha ya sokoni. Watu wote wakamhamia. Hata kama haikutokea hivyo, tenzi zake zinafanana na kisa hicho: miungu na mashujaa wa epiki wanatembea katika Kerala yake, na maofisa walafi, waganga wa uongo na askari waoga wanapata chao njiani.

Mama mmoja aliyetoka hekaluni aliniona nimekaa, akanimiminia payasam ya maziwa kwenye kifuniko cha chombo chake. Mchele, maziwa, sukari, basi, lakini imechemshwa mpaka imegeuka rangi ya waridi hafifu. Ukitaka kununua, fika mapema, huisha.

Jumapili, 10 Agosti. Aranmula

Basi hadi Chengannur, jingine hadi Aranmula, jumla saa mbili na nusu. Mto Pampa ulikuwa umejaa hadi ukingoni, rangi ya chai ya maziwa. Vijiji 52 vya kandokando kila kimoja kina mtumbwi wake mrefu wenye tezi iliyoinuka juu, na msimu huu huja hekaluni kwa karamu zinazotolewa na watu wenye nadhiri. Unausikia wimbo kabla ya kuona kitu. Kiongozi anatupa mstari, sauti za wanaume makumi kwa makumi zinaudaka, makasia yanaingia majini kwenye mkazo. Nilisimama kwenye gati na mwavuli uliopinduka, sikuhisi mvua.

Wanachoimba mara nyingi ni Kuchelavritham ya Ramapurathu Warrier, utenzi wa karne ya 18. Kuchela fukara anakwenda kumwona Krishna, rafiki yake wa shule aliyekuja kuwa mfalme, na zawadi yake ni konzi ya mchele uliopondwa. Warrier mwenyewe alikuwa fukara. Inasimuliwa kwamba aliuimba kwenye mashua ya mfalme Marthanda Varma, wakitoka Vaikom kwenda Thiruvananthapuram, na mfalme akaelewa. Aliporudi kwao akakuta nyumba mpya imesimama.

Mpiga kasia mmoja, karani wa benki siku za kazi, alinieleza karamu ilivyo. Vyakula ni zaidi ya sitini kwenye jani la mgomba, lakini vingine haviletwi mpaka viombwe kwa ubeti. Ukitaka maziwa, uimbe maziwa. Ukitaka ndizi ya aina fulani, uimbe ndizi ya aina hiyo, na mwenye karamu hana ruhusa ya kusema hakuna. Akaimba ule wa ndizi, wenzake wakaitikia huku wakikamua mashati yao. Nilimuuliza vijana wanajifunza wapi. "Mtumbwini," akasema. "Asiyejua wimbo anapiga kasia vibaya."

Vaeni viatu visivyoteleza. Ngazi za gati zina utelezi. Malazi mtafute Chengannur, nililipa rupia 900 kwa chumba chenye feni na mjusi.

Jumatatu, 11 Agosti. Pallana

Treni hadi Haripad, kisha bajaji. Pallana ndipo alipozama Kumaran Asan, usiku wa 16 Januari 1924, mashua ya abiria iliyoitwa Redeemer ilipopinduka. Alikuwa na miaka 50.

Wamalayali humwita mahakavi, mshairi mkuu, heshima ambayo zamani ilikuwa ya waliotunga epiki ndefu, na yeye hakutunga hata moja. Alitunga tenzi fupi za kisa kimoja. Ua lililoanguka, 1907. Mtawa wa Kibuddha anayeomba maji kwa msichana ambaye watu hawamgusi, 1922. Yeye mwenyewe alizaliwa katika tabaka lililofungiwa milango ya mahekalu, na alikuwa katibu wa chama kilichopigania watu wake. Utenzi wake wa Karuna, wa 1923, unamhusu malaya tajiri Vasavadatta na mtawa anayemkatalia kila mwaliko, mpaka siku anapokuwa amekatwa viungo na kutupwa makaburini, ndipo mtawa anakuja. Kwa kisa hicho kizito Asan alichagua bahari ya makasia, ileile niliyoisikia jana yake Aranmula. Miezi michache baadaye, mashua.

Mnara wake uko kando ya maji, na hapakuwa na mtu. Dereva wa bajaji alinifuata na mwavuli wake, akaniuliza kama nimesoma Karuna. Nikasema kwa tafsiri ya Kiingereza. Akatikisa kichwa kama daktari anayesikia umejitibu mwenyewe, kisha akauanza, alivyoujifunza shuleni, amesimama wima na mikono nyuma. Palipokuwa na pumzi ya kasia alikita kisigino. Alikwama ubeti wa sita au wa saba, akapiga simu kwa dada yake, wakaumalizia wawili, dada kwenye spika.

Alinidai rupia 300 pamoja na muda wa kusubiri. Nilitoa 400, akanirudishia 50 akisema nyingine ni ya dada.

Treni ya usiku kurudi kaskazini, weka nafasi siku kadhaa kabla. Mimi nilipata kitanda cha juu kabisa, rupia 310, na mwenzangu wa chini akashuka na viatu vyangu Thrissur. Mjomba nilimkuta Tirur kwa Ticha, mguu umepungua, amekaa barazani na yule binti. Alikuwa amefika mahali pa kumsahihisha mwendo.